Umri wa Mtu si Umri wa Sanaa Yake

Mnamo Januari 2026 Kenya ilipokea wanafunzi wake wa kwanza wa Gredi ya 10, kundi la mwanzo kuingia Sekondari Pevu chini ya mtaala wa umilisi. Kila mmoja wao, akiwa na miaka 14 au 15 hivi, alitakiwa awe amechagua mkondo mmoja kati ya mitatu: Sayansi, Teknolojia, Uhandisi na Hisabati; Sayansi za Jamii; au Sanaa na Sayansi ya Michezo. Mkondo huu wa tatu umewatia wazazi wengi mashaka, na swali lao ni la haki kabisa: mtoto wa umri huo atajuaje kama yeye ni msanii, na asipochagua sasa, je, nafasi itakuwa imempita? Wakati huohuo, watu wazima wanaotamani kujifunza kupiga udi, kuchora au kuandika hadithi hujizuia kwa maneno yaleyale kila mara, kwamba wamechelewa, kwamba mambo hayo ni ya vijana.

Mzazi anahofia kwamba ni mapema mno na mtu mzima anahofia kwamba muda umepita, lakini hofu zote mbili zimetokana na dhana moja, nayo ni kwamba ubunifu una msimu wake katika maisha, na atakayeukosa msimu huo hatoupata tena. Dhana hiyo haisimami mbele ya yale yanayojulikana kuhusu makuzi ya binadamu, wala mbele ya historia ya wasanii wetu wenyewe. Hata hivyo haitoshi kusema tu kwamba umri si kitu, kwa sababu umri ni kitu. Kinachohitaji kuelezwa ni umri upi unaozungumzwa, na unagusa nini.

Kabla ya kwenda mbali, kuna maneno matano yanayohitaji kutenganishwa. Ubunifu ni uwezo wa kutoa kitu ambacho ni kipya na wakati huohuo kinafaa au kina maana kwa wengine. Sharti yote mawili yawepo, kwa kuwa kipya kisicho na maana ni kelele tu, na chenye maana kisicho na upya ni nakala. Sanaa ni mojawapo ya nyanja ambamo ubunifu huonekana, sawa na ufundi, kilimo, biashara na sayansi. Kipaji ni wepesi wa kujifunza jambo fulani ambao mtu huonekana nao mapema kuliko wenzake. Ustadi ni uwezo uliojengwa kwa mafunzo na mazoezi. Umaarufu ni kutambuliwa na watu, nao hutegemea mambo yaliyo nje kabisa ya msanii: nani alikuwa karibu na studio, nani alikuwa na mtu wa kumpeleka redioni, nani alikuwa na nauli. Sehemu kubwa ya mkanganyiko wetu hutokana na kuutazama umaarufu, ambao ndio unaoonekana kwa urahisi, kisha tukatoa hukumu kuhusu ubunifu.

Mkono wa mtoto na jicho lake

Mtoto wa miaka miwili akipata kipande cha mkaa na ukuta, huparura. Haparuri ili kuonyesha kitu fulani. Anafurahia kuona kwamba mkono wake unaacha alama. Kufikia miaka mitatu au minne, mviringo mmoja hupata macho na mistari miwili mirefu inayoshuka, na mtoto hukuambia kwamba huyo ni baba. Miguu imetokea kichwani, tumbo halipo, na yeye hana wasiwasi wowote. Kati ya miaka mitano na saba huja mpangilio: ardhi ni mstari chini ya karatasi, mbingu ni mstari juu yake, na ukubwa wa vitu hufuata umuhimu wake, ndiyo maana mama huweza kuwa mrefu kuliko nyumba. Mtaalamu wa elimu ya sanaa Viktor Lowenfeld alizieleza hatua hizi kwa utaratibu katika kitabu alichokichapisha mwaka 1947, na mwalimu yeyote wa chekechea anazitambua hata kama hajawahi kulisikia jina hilo.

Kisha, kati ya miaka tisa na kumi na moja, hutokea jambo ambalo nadhani ndilo muhimu kuliko yote katika habari ya watoto na sanaa. Mtoto aliyekuwa akichora bila kuchoka huanza kufutafuta. Hutoboa karatasi kwa ufutio, huukunja mchoro wake asionwe, na hatimaye husema, "Mimi sijui kuchora." Mwanasaikolojia wa Kimarekani Paul Torrance, aliyetumia sehemu kubwa ya karne ya 20 kupima ubunifu wa watoto, aliona kwamba alama za wengi wao zilishuka wanapofika darasa la nne hivi, ingawa kiasi cha kushuka kilitofautiana kutoka jamii moja hadi nyingine na hakikuonekana kwa kila mtoto.

Watu wengi huieleza hali hii kwa kusema kwamba ubunifu wa mtoto umekufa, au umeuawa na shule. Maelezo hayo yanapendeza kwa sababu yanampa kila mtu wa kumlaumu, lakini yanaacha nje kiini cha jambo. Kilichotokea ni kwamba jicho la mtoto limekua haraka kuliko mkono wake. Sasa anaona kwamba ng'ombe aliyemchora hafanani na ng'ombe, jambo ambalo mwaka uliopita hakuliona, na hana mbinu za kumsogeza ng'ombe huyo karibu na anachokiona. Uwezo wake wa kuhukumu umepanda, na kupanda huko ni maendeleo. Anachohitaji wakati huo ni mtu wa kumfundisha ustadi: namna kivuli kinavyoangukia, namna kitu cha mbali kinavyopungua, namna ya kushika brashi, namna ya kuvuta pumzi kabla ya kuimba sentensi ndefu. Akipata mafunzo hayo, mkono hulifikia jicho na mtoto huendelea. Asipoyapata, huacha, na kuacha huko hudumu hadi uzee.

Hapo ndipo shule zetu zimekuwa zikikosea, na kosa lenyewe ni la ratiba. Umri ambao mtoto anahitaji mafunzo ya sanaa kwa dhati zaidi ndio umri ambao mitihani mikubwa huanza kukaribia, na kipindi cha kuchora au cha muziki huwa cha kwanza kukabidhiwa hisabati. Mtoto anabaki na jicho la miaka kumi na mkono wa miaka saba. Miaka mitano baadaye tunamuuliza kama yeye ni msanii.

Inafaa pia kugusia takwimu moja inayosambaa sana mitandaoni, inayodai kwamba asilimia 98 ya watoto wa miaka mitano ni mabingwa wa ubunifu na kwamba takriban wote huupoteza ubingwa huo kabla ya utu uzima. Kipimo kinachotajwa katika madai hayo huhesabu mawazo tofauti ambayo mtu anaweza kuyatoa kuhusu jambo moja. Mtoto mdogo hakika huyatoa kwa wingi, kwa kuwa hana cha kumzuia. Lakini kutoa mawazo ni nusu ya kazi. Nusu ya pili ni kuchagua lipi kati ya hayo lina thamani, kulitupa lisilofaa na kulikamilisha linalofaa, na nusu hiyo mtoto wa miaka mitano hana. Kumwambia mtu mzima kwamba alikuwa bora alipokuwa mtoto ni kumkatisha tamaa kwa kipimo kisichopima kazi nzima.

Je, ni lazima kuanza mapema?

Jibu la kweli ni kwamba inategemea sanaa yenyewe, na hasa inategemea mwili unavyoshiriki. Uwezo wa kuitambua noti ya muziki kwa kuisikia tu, bila noti nyingine ya kuilinganisha nayo, hupatikana kwa nadra sana kwa watu ambao hawakuanza mafunzo ya muziki wakiwa wadogo, kabla ya miaka saba hivi. Wacheza baleti na wanasarakasi huhitaji viungo vilivyozoeshwa wakati mifupa ingali laini. Wapigaji fidla wa viwango vya juu kwa kawaida huanza utotoni. Haya ni ya kweli, na mzazi ambaye mtoto wake ana hamu ya mambo hayo hana sababu ya kungoja.

Ila orodha hiyo ni fupi kuliko watu wanavyodhani. Kuandika riwaya hakuhitaji utoto, wala kupaka rangi, kufinyanga, kuchonga, kutunga mashairi, kupiga picha au kuigiza. Hata uimbaji, ambao unategemea mwili moja kwa moja, hauna sharti hilo, kwa sababu sauti ya binadamu hubadilika wakati wa kubalehe na mwimbaji hulazimika kujifunza upya chombo alichonacho.

Biashara ya kuwatisha wazazi imelikuza jambo hili kupita kiasi. Mwaka 1993 watafiti wa Marekani walichapisha matokeo ya jaribio dogo ambamo wanafunzi wa chuo kikuu walisikiliza muziki wa Mozart na baadaye wakafanya vizuri kidogo zaidi katika maswali ya kufikiria maumbo. Athari hiyo ilidumu kwa takriban robo saa tu. Hakukuwa na mtoto mchanga hata mmoja katika jaribio hilo. Hata hivyo, ndani ya miaka michache dunia nzima ilikuwa ikiuziwa kanda za muziki wa Mozart za kuwachezea watoto wachanga, hata walio tumboni, ili wawe na akili, na mwaka 1998 gavana wa jimbo la Georgia alipendekeza serikali yake igharamie kanda hizo kwa kila mtoto anayezaliwa. Muziki una faida nyingi kwa mtoto, kuanzia bembelezo la bibi yake, lakini hakuna kanda inayomfanya mtoto awe mwerevu akiwa amelala.

Miaka kumi na mitano

Sasa tumfikie kijana wa Gredi ya 10. Ubongo wake bado unakomaa, hasa sehemu ya mbele inayohusika na kupanga mambo na kupima matokeo, ambayo huendelea kujengeka hadi katikati ya miaka ya ishirini. Hilo humfanya awe mwepesi wa kujaribu na mgumu wa kungoja, na sanaa inajua kuzitumia sifa zote mbili. Muziki wa singeli ulichomoza katika mitaa ya uswahilini ya Dar es Salaam, ukitengenezwa na vijana wadogo kwa kompyuta za bei nafuu na vipande vya taarab vilivyoongezwa kasi mno. Hakuna kamati ya wazee ambayo ingekaa na kuubuni muziki ule. Ulihitaji watu ambao hawakuwa na habari kwamba jambo hilo halifanyiki.

Lakini kijana huyohuyo yuko chini ya macho ya wenzake kuliko wakati mwingine wowote wa maisha, na anaweza kuuacha wimbo mzuri kwa sababu rafiki mmoja aliucheka. Kwa hiyo kumuuliza, "Wewe ni msanii?" ni kumuuliza swali ambalo hana namna ya kulijibu kwa uaminifu, atajibu anavyotaka kuonekana. Swali linalojibika ni la matendo. Je, huirudia kazi hiyo bila kutumwa? Akikosolewa, huifanya tena au huiacha? Anapenda kuimba, au anapenda kushangiliwa? Tofauti kati ya hayo mawili ya mwisho huonekana siku ya mazoezi, pasipokuwa na mtu wa kumtazama.

Kuchagua mkondo, kwa maoni yangu, ni kuamua saa za miaka mitatu zitawekwa wapi, wala hakuthibitishi kipaji. Anayechagua Sanaa atapata saa nyingi za kujenga ustadi, na hilo ni jambo la thamani kubwa. Asiyechagua hajatangazwa kuwa si mbunifu. Hili la pili ndilo ambalo wazazi na walimu wanapaswa kulisema waziwazi mbele ya watoto, kwa sababu wasipolisema, watoto watasikia kinyume chake.

Umri wa mtu na umri wa kazi

Kwa muda mrefu watafiti walipenda kuchora mstari unaoonyesha umri ambao wasanii hutoa kazi zao bora. Mmarekani Harvey Lehman alifanya hivyo mwaka 1953, akaonyesha kwamba kilele cha watunzi wa mashairi mafupi ya hisia huja mapema na cha waandishi wa riwaya huja baadaye. Mwanasaikolojia Dean Simonton alikuja kuutazama upya mstari huo akagundua kwamba miaka iliyohesabiwa tangu mtu aanze kazi ya sanaa hueleza mengi kuliko miaka iliyohesabiwa tangu azaliwe. Mtu anayeanza akiwa na miaka 20 na mwingine anayeanza akiwa na miaka 40 hupita njia inayofanana: miaka ya kujifunza, miaka ya kutoa kazi kwa wingi, kisha kupungua taratibu. Kinachotofautiana ni mahali njia hiyo inapoanzia. Simonton aliongeza jambo jingine ambalo linafaa kuwaliwaza wengi, kwamba uwezekano wa kazi moja kuwa bora haubadiliki sana kwa umri. Wakati ambapo msanii hutoa kazi bora nyingi ndio huohuo anapotoa mbovu nyingi, kwa sababu ndipo anapofanya kazi zaidi.

Historia ya pwani yetu inaonyesha hivyo hasa. Siti binti Saad alizaliwa Fumba, Unguja, yapata mwaka 1880, katika familia ya wafinyanzi, na ujana wake ulipita akitembeza vyungu mitaani. Alihamia mjini mwaka 1911, alipokuwa na miaka 30 hivi, na huko ndiko alikofunzwa uimbaji wa taarab. Mwaka 1928 alisafiri hadi Bombay kurekodi santuri kwa Kiswahili, akiwa anakaribia miaka 50. Ukimpima kwa umri wake, utasema alichelewa mno. Ukimpima kwa umri wa kazi yake, alikuwa na takriban miaka kumi na saba ya sanaa, ambao ni umri wa kawaida kabisa wa msanii kukomaa. Na zile nyimbo za kunadi vyungu, ambazo hakuna aliyeziita sanaa, zilikuwa zimeifunza sauti yake kufika mbali muda mrefu kabla ya kukutana na udi.

Edward Saidi Tingatinga alizaliwa mwaka 1932 kusini mwa Tanzania na kufanya kazi nyingi za mikono kabla ya kuanza kupaka rangi jijini Dar es Salaam kwenye mwaka 1968. Alitumia mbao laini za dari na rangi ya mafuta ya kung'aa, vitu vilivyopatikana dukani. Alifariki mwaka 1972. Miaka minne hivi ya kazi, iliyoanza akiwa na miaka 36, imetosha kuacha mtindo unaobeba jina lake na kuwalisha mamia ya wachoraji hadi leo.

Wapo walioanza mapema pia. Ebrahim Hussein alichapisha tamthilia yake kuhusu Vita vya Maji Maji mwaka 1969, akiwa na miaka 26 hivi, na Ngũgĩ wa Thiong'o alikuwa na miaka 26 riwaya yake ya kwanza ilipotoka mwaka 1964. Kwa upande mwingine, Abdulrazak Gurnah, aliyezaliwa Zanzibar mwaka 1948, alichapisha riwaya ya kwanza mwaka 1987, akikaribia miaka 40, na akapata Tuzo ya Nobel mwaka 2021 akiwa na miaka 72.

Mwanauchumi David Galenson, aliyeandika kitabu kuhusu jambo hili mwaka 2006, anazigawa njia za wasanii katika makundi mawili. Wa kwanza huanza na wazo lililokamilika kichwani, huligeuza kuwa kazi, na mara nyingi hufanya hivyo mapema. Wa pili hawajui wanachokitafuta hadi wakifikie; hujaribu, husahihisha, hurudia, na ubora wao huongezeka pole pole kwa miongo. Mkulima wa pwani hatapata taabu kuelewa: mchicha huchumwa baada ya wiki chache, mnazi mrefu hukaa miaka sita au zaidi bila dafu hata moja, na hakuna mwenye shamba anayeukata mnazi kwa sababu mchicha umemtangulia. Nionavyo mimi, hasara kubwa tunayoipata katika jamii ni hii hasa, kwamba tunawapima wasanii wa kundi la pili kwa saa ya kundi la kwanza.

Kuna wanaojiondoa kwa sababu nyingine, wakisema kwamba wao hutumia upande wa kushoto wa ubongo na kwamba wasanii hutumia upande wa kulia. Ni kweli kwamba kazi fulani, kama lugha, huegemea upande mmoja. Lakini watafiti wa Chuo Kikuu cha Utah walipochunguza picha za ubongo za watu zaidi ya 1,000 mwaka 2013, hawakuona watu wa upande wa kulia na watu wa upande wa kushoto. Kazi ya ubunifu huhusisha sehemu nyingi za pande zote mbili zikishirikiana.

Ninalotaka lisisahaulike katika sehemu hii ni habari ya wanawake. Tukihesabu tu waliopanda jukwaani, waliorekodi na waliochapisha, tutadhani kwamba wanawake wengi huanza ubunifu wakiwa wamezeeka, watoto wakishakua. Ukweli ni kwamba miaka yote hiyo walikuwa wakisuka mikeka ya ukili kwa ruwaza walizozibuni wenyewe, wakichora hina na piko, wakitunga nyimbo za unyago na za harusi. Mwanamke anayechukua brashi akiwa na miaka 55 baada ya miaka thelathini ya kuchora maua ya hina mikononi mwa maharusi si mwanafunzi wa siku ya kwanza, na mwalimu atakayempokea kama mwanafunzi wa siku ya kwanza atapoteza muda wake na wa mwanafunzi.

Uzee unapunguza nini, unaongeza nini

Wanasaikolojia, wakifuata kazi ya Raymond Cattell, hutofautisha aina mbili za uwezo wa akili. Moja ni uwezo wa kushughulikia mambo mapya kwa haraka, kama kukumbuka mfululizo wa namba au kutatua fumbo ambalo hujawahi kuliona. Huu huanza kushuka mapema katika utu uzima. Nyingine ni hazina ya maarifa na maneno iliyokusanywa kwa miaka, na hii huendelea kukua. Msamiati wa mtu, kwa mfano, unaweza kuongezeka hadi miaka ya sitini na kuendelea. Sanaa ya maneno hutegemea sana hazina hiyo ya pili, na ndiyo maana mtunzi wa tenzi au mghani wa majigambo haogopi uzee kama anavyouogopa mchezaji ngoma.

Mwana Kupona binti Msham wa Pate alitunga utendi wake mwaka 1858, akiwa mgonjwa na mjane, kwa ajili ya binti yake Mwana Hashima. Alifariki miaka miwili baadaye. Utendi ule haungeweza kuandikwa na msichana wa miaka ishirini, hata kama angekuwa na kipaji mara mbili ya kile cha Mwana Kupona, kwa sababu unasimama juu ya ndoa iliyokwisha, uzazi, na ujuzi wa kwamba muda uliobaki ni mfupi. Ngũgĩ naye alichapisha utendi wake wa asili ya Wagĩkũyũ kwa lugha ya Gĩkũyũ mwaka 2018, akiwa na miaka 80.

Mwili, kwa upande wake, hupungua, na si heshima kwa wazee kujifanya haupungui. Vidole hukakamaa, macho hupata mtoto wa jicho, mapafu hayashiki pumzi kama zamani. Wanaoendelea ni wale wanaoibadilisha njia. Mchoraji wa Kifaransa Henri Matisse alifanyiwa upasuaji mkubwa mwaka 1941, akiwa na miaka 71, ukamwacha akitumia kiti cha magurudumu na kitanda kwa muda mwingi. Alichukua mkasi, akawa anakata maumbo katika karatasi zilizopakwa rangi, na wasaidizi wakayapanga ukutani kwa maelekezo yake; kazi za namna hiyo alizifanya hadi kifo chake mwaka 1954, nazo ni miongoni mwa kazi zake zinazopendwa zaidi. Bi Kidude, aliyefariki Unguja Aprili 2013 baada ya kuimba katika sehemu kubwa ya karne nzima, hakuificha sauti yake iliyokwaruza. Aliiweka mbele, pamoja na ngoma ya unyago, na alipopewa tuzo ya WOMEX, maonyesho ya kimataifa ya muziki, mwaka 2005 ilikuwa ni kwa sauti ile ile ya kibibi.

Madai yanayosikika siku hizi kwamba sanaa hutibu uzee yanahitaji kupunguzwa kidogo. Daktari Gene Cohen wa Marekani alianza mwaka 2001 kuwafuatilia wazee wa eneo la Washington waliojiunga na kwaya, wengi wao wakiwa na miaka karibu 80, akawalinganisha na wenzao wasioimba. Baada ya mwaka mmoja, wanakwaya walieleza kwamba afya yao ni nzuri zaidi, walikwenda kwa daktari mara chache zaidi na walianguka mara chache zaidi. Matokeo hayo yanatia moyo, ingawa mtu anayechagua kujiunga na kwaya huenda alikuwa mchangamfu tangu awali. Shirika la Afya Duniani, katika ripoti ya mwaka 2019 iliyopitia tafiti zaidi ya 3,000, liliona faida za sanaa kwa afya ya mwili na ya akili katika rika zote. Faida ipo, lakini sanaa haichukui nafasi ya dawa ya presha, na wala haimrudishii kumbukumbu mtu aliyeipoteza.

Kuhusu kumbukumbu kuna jambo moja linalowahusu wale wanaowauguza wazazi wenye ugonjwa wa usahaulifu. Mzee ambaye halikumbuki jina la mwanawe anaweza kuimba wimbo mzima, beti kwa beti, kwa kuwa kumbukumbu ya muziki mara nyingi hubaki hata sehemu nyingine za ubongo zinapoharibika. Nyimbo zinazofaa zaidi kumchezea si zile anazozipenda mwuguzaji, wala si zile mpya zilizo redioni. Ni zile ambazo mzee alizisikia kati ya miaka kumi na miaka ishirini na mitano hivi, kipindi ambacho kumbukumbu zake hukaa kwa nguvu kuliko za vipindi vingine. Kwa aliyezaliwa Tanzania mwaka 1945, hizo ni nyimbo za bendi za dansi za miaka ya 1960, taarab ya enzi hizo, kaswida za madrasa au tenzi za kanisani, na nyimbo za ngoma za kwao. Familia inayoweza kumuuliza mzee sasa ni zipi hasa, wakati bado anaweza kujibu, na iziandike.